Uyoga Mdogo wa Kichuguu: Namna ya Kueleza Kiumbe Pamoja na Makao Yake

Katika mazoezi yetu ya kukusanya msamiati, karibu kila daftari lina mstari unaofanana na huu: «bowa: uyoga mdogo mweupe wa porini, unaliwa». Sarufi ya mstari huo haina kosa. Mwalimu anaweza kuupita bila kuweka alama nyekundu. Hata hivyo ni mstari wa hatari, kwa sababu mtu akiushika mkononi akaingia nao msituni mwezi wa kumi na mbili, atakuta aina nyingi za uyoga mdogo mweupe. Nyingine ni chakula, nyingine hazina faida wala madhara, na nyingine zinaweza kumwua.

Makala hii inachukua uyoga mmoja tu, mdogo sana, unaojulikana na watu wengi wa Haut-Katanga na nchi jirani, na kujaribu kuueleza kwa Kiswahili tangu jina lake hadi mahali unapoota. Wanasayansi wanauita *Termitomyces microcarpus*. Shabaha yetu si kuwafanya wanafunzi wa lugha kuwa wanabiolojia. Tunataka kuonyesha kwamba katika maelezo ya kiumbe kama huyu, makao ni sehemu ya maana ya neno. Anayeandika jina na kuacha makao ameandika nusu ya neno.

1. Jina na ngeli yake

Kiswahili sanifu kinasema uyoga. Kamusi huliweka neno hili katika ngeli ya U-/ZI-, na wingi wake nyoga, ingawa katika mazungumzo wengi husema «uyoga mwingi» kama wanavyosema «unga mwingi», bila kuhesabu. Lubumbashi, Likasi na Kipushi neno linalosikika sokoni ni bowa. Neno hilo lina ndugu wengi: Kibemba kinasema ubowa, Kichewa bowa, Kishona howa, na Kirundi ubwoba. Katika lugha hizo neno limo katika ngeli ya 14, ile yenye kiambishi bu- au umbo linalotokana nacho.

Mwanafunzi anayezoea Kiswahili cha Lubumbashi ataona mara moja kwamba ngeli hii bado iko hai kwetu. Tunasema bukari, bunga, bulongo. Vyote ni vitu ambavyo hatuvihesabu kimoja kimoja: tunavipima kwa bakuli, kwa kopo, kwa ndoo. Bowa imeingia katika kundi hilo bila shida, maana nayo hupimwa kwa lundo na kwa kikapu. Uyoga tunaouzungumzia hapa unafaa ngeli hiyo kuliko nyingine zote. Hauoti mmoja. Huota mamia kwa wakati mmoja, na mchumaji huukusanya kwa viganja.

Upande wa Uganda, Kiganda kinatumia njia nyingine inayofikia mahali pale pale. Uyoga mmoja ni akatiko, na wengi ni obutiko: kiambishi cha udogo katika umoja, kiambishi cha ngeli ya 14 katika wingi. Neno hilo lina heshima kubwa huko, kwa kuwa Butiko ni jina la ukoo mmojawapo wa Baganda ambao mwiko wao ni uyoga. Na huu mdogo wa kichuguu una jina lake pekee, obubaala. Mzungumzaji wa Kiganda haambiwi «uyoga mdogo mweupe». Anaambiwa obubaala, naye anajua ni upi.

Kuna onyo moja hapa kwa mkusanyaji. Katika Kirundi umbo la maandishi ubwoba lina maana ya uyoga na pia maana ya hofu. Anayeandika neno peke yake katika orodha, bila sentensi, hajamwambia msomaji kama anazungumzia chakula au woga. Ndiyo maana kila kidahizo kinahitaji sentensi moja ya mzungumzaji, japo fupi.

2. Umbo lake

Tuanze kutoka juu kwenda chini, kama afanyavyo mtu aliyeinama mbele ya uyoga wenyewe.

Kofia ni ndogo. Kwa kawaida upana wake ni kati ya sentimita moja na mbili na nusu, yaani inaweza kufunikwa na sarafu. Uyoga ukiwa mchanga, kofia inafanana na kengele ndogo. Ukikua hufunguka na kuwa bapa, na mara nyingi ukingo wake hupasuka. Katikati ya kofia kuna kichomozi kidogo chenye ncha. Rangi ni nyeupe au nyeupe ya maziwa, lakini kwenye kichomozi huelekea kahawia au kijivu. Msomaji akumbuke kichomozi hicho, kwa sababu ni alama ya ukoo mzima wa Termitomyces: kwa ndugu zake wakubwa ndicho kinachotoboa udongo mgumu.

Chini ya kofia kuna vipande vyembamba vilivyosimama, vimepangwa kutoka katikati hadi ukingoni. Jina lake la kitaalamu halijatulia katika Kiswahili. Wengine wameazima neno la samaki, matamvua. Sisi tutasema kurasa, maana ukigeuza kofia unaona kitu kama kitabu kilichofunguliwa pande zote. Kurasa hizo hazikushikamana na mguu. Kwanza ni nyeupe, kisha zinageuka waridi hafifu kadiri uyoga unavyokomaa.

Mguu ni mwembamba, milimita chache tu, na urefu wake ni sentimita chache. Ni mweupe, una nyuzinyuzi, na hauna pete. Neno pete tunalitumia kwa ule utepe ambao uyoga wa aina nyingine huubakiza mguuni baada ya kofia kufunguka. Chini ya mguu hamna kifuko.

Jambo la mwisho la umbo halionekani kwa jicho mara moja: rangi ya spora, yaani vile vumbi vidogo ambavyo uyoga huvitumia kujizalisha. Njia ya kuiona haihitaji maabara. Kata kofia, ilaze juu ya karatasi ambayo nusu yake ni nyeupe na nusu nyingine nyeusi, ifunike kwa kikombe, uache kwa saa kadhaa. Ukifunua utakuta kurasa zimejichora juu ya karatasi. Kwa uyoga wetu mchoro huo ni wa rangi ya waridi. Ukiwa mweupe kabisa, wa kijani au mweusi, basi ulichookota ni kitu kingine.

3. Makao yake

Hapa ndipo maelezo ya «uyoga wa porini» yanaposhindwa. Uyoga huu hauoti porini tu kwa jumla. Unaota pale ambapo mchwa wametupa kazi yao ya zamani.

Katika misitu ya miombo, ile ya miti ya *Brachystegia*, *Julbernardia* na *Isoberlinia* inayofunika sehemu kubwa ya Haut-Katanga, Zambia na nchi nyingine za jirani, vichuguu ni sehemu ya sura ya nchi. Kibemba huita kichuguu iculu. Karibu na Lubumbashi viko vingine vyenye urefu wa mita kadhaa, vikubwa kuliko nyumba. Mchwa wanaovijenga, pamoja na jamaa zao wanaoishi chini ya ardhi bila kujenga kilima kinachoonekana, ni wa jamii ndogo inayoitwa Macrotermitinae. Spishi zake zinazidi 300, na zote zina tabia moja: zinalima uyoga.

Kazi inakwenda hivi. Mchwa wafanyakazi hutoka kutafuta majani makavu, nyasi na kuni zilizokufa. Wanazila, lakini tumbo lao haliwezi kuzimaliza. Wakirudi wanaziweka tena kwa njia ya kinyesi chao cha kwanza, pamoja na spora za uyoga, katika vyumba vya chini. Humo wanajenga kitu chenye mashimo na mikunjo ambacho tunaweza kukiita sega, kama sega la asali. Nyuzi za uyoga zinaenea ndani ya sega na kuvunja ile sehemu ngumu ya mmea ambayo mchwa walishindwa kuiyeyusha. Baada ya siku kadhaa vinatokea vidonge vyeupe vidogo juu ya sega. Mchwa hula vidonge hivyo, na baadaye hula pia sehemu ya sega iliyozeeka. Mchwa bila uyoga huo wangekufa njaa, na uyoga bila mchwa haujulikani kuishi msituni. Wanasayansi wanakadiria kwamba ushirika huu ulianza barani Afrika kiasi cha miaka milioni 30 iliyopita.

Mpaka hapo tumeeleza ukoo wote wa Termitomyces, wenye spishi zaidi ya 30. Tofauti inakuja wakati uyoga unapotoka nje. Spishi nyingi za ukoo huo hupanda zenyewe kutoka ndani ya sega. Mguu wao una mzizi mrefu unaopita katika udongo hadi chumbani mwa mchwa, na ukichimba pole pole unaweza kuufuata. Kati ya hizo imo *Termitomyces titanicus*, jitu la ukoo, ambalo kofia yake inaweza kukaribia mita moja. Wachumaji wa mpakani mwa Congo na Zambia wanalifahamu vizuri, na moja tu linatosha kuwapikia watu wa nyumba nzima.

Ndugu yake mdogo hana mzizi huo. Nyakati za mvua mchwa wenyewe hubeba vipande vya sega la zamani, wakavitoa nje na kuvitandaza juu ya udongo, chini ya kichuguu au mahali pa wazi karibu nacho. Vipande hivyo bado vina nyuzi zilizo hai. Baada ya siku chache, unyevu ukiwa wa kutosha, kila chembe inatoa uyoga wake. Ndiyo sababu unakuta zulia jeupe mahali ambapo jana palikuwa udongo mtupu. Ndiyo sababu pia kila mmoja ni mdogo: amelelewa na chembe, wakati jitu limelelewa na sega zima. Na zulia halikai. Siku mbili tatu za jua na wadudu zinalimaliza.

Kutokana na hayo, makao ya uyoga huu yana sehemu tatu ambazo maelezo kamili hayawezi kuziacha: mchwa wanaolima, vipande vya sega vilivyotolewa nje, na mvua. Mti si lazima. Unaweza kuukuta chini ya miombo, ndani ya shamba la mahindi, hata kwenye uwanja wa nyasi wa mjini, ikiwa chini yake mchwa bado wanafanya kazi. Lubumbashi majira yake ni yale ya mvua, ambayo kwa kawaida hushika Novemba hadi Machi.

4. Jina la kisayansi lilichukua miaka 71 kufika kwenye kichuguu

Kwa mwanafunzi wa lugha, historia ya jina la Kilatini la uyoga huu ni somo zuri kuliko maelezo yoyote ya nadharia.

Mwaka 1871 wataalamu wawili Waingereza, Berkeley na Broome, walichapisha maelezo ya uyoga uliokusanywa Ceylon, nchi tunayoiita leo Sri Lanka. Kimoja walikiita *Agaricus microcarpus*. Agaricus wakati ule lilikuwa kapu kubwa: karibu kila uyoga wenye kofia na kurasa ulitumbukizwa humo. Microcarpus inatokana na maneno mawili ya Kigiriki, «dogo» na «tunda». Basi jina zima lilisema: uyoga wa kawaida wenye tunda dogo. Ukilinganisha na mstari wa daftari letu, tofauti si kubwa. Wao pia walishika udogo, wakaacha mahali.

Mwaka 1942 Mfaransa Roger Heim aliunda jenasi mpya kwa ajili ya uyoga unaoishi na mchwa, akaiita Termitomyces: mchwa na uyoga, maneno mawili yameunganishwa. Huu wetu mdogo ukahamishiwa humo. Ilichukua miaka 71 jina la kisayansi kutaja kile ambacho mama yeyote anayechuma bowa anakitaja katika sentensi yake ya kwanza.

Ubishi haukuishia hapo. Mwaka 1945 Rolf Singer aliona kwamba uyoga usio na mzizi mrefu hauwezi kukaa nyumba moja na wale wenye mzizi, akaupa jenasi yake, Podabrella. Wataalamu wengi hawakumfuata, na jina la Heim ndilo linalotumika. Lakini angalia hoja yenyewe: walibishana kuhusu namna uyoga unavyohusiana na udongo ulio chini yake. Ubishi wa jina ulikuwa ubishi wa makao.

Congo ina sehemu yake katika historia hii. Mfululizo wa vitabu vya picha za uyoga wa Congo uliochapishwa Ubelgiji kuanzia mwaka 1935 ulitegemea sana michoro ya rangi ya Bi. Goossens-Fontana, aliyekusanya na kuchora uyoga hapa nchini. Mwaka 1958 Heim mwenyewe aliandika ndani ya mfululizo huo sehemu inayohusu Termitomyces.

Safari ya maneno inaweza pia kwenda upande wa pili. Mwaka 1980 Pegler na Piearce, walipoeleza uyoga unaoliwa Zambia, uyoga mmoja waliupa jina *Lactarius kabansus*. Neno hilo halikutoka Ugiriki wala Roma. Ni jina la wenyeji, kabansa, limevalishwa mwisho wa Kilatini. Aliyelitamka kwa mara ya kwanza mbele ya mkusanyaji alikuwa mchumaji, na kama mkusanyaji angeliandika vibaya, kosa hilo lingebaki katika vitabu vya dunia nzima.

5. Wanaofanana naye

Turudi kwenye mstari wetu wa daftari, «uyoga mdogo mweupe wa porini», tuone ni viumbe gani wengine wanaoweza kujificha ndani yake.

Wa kwanza ni *Coprinellus disseminatus*. Nao huota mamia pamoja, na kofia yake ni ndogo kama ukucha. Lakini hauoti juu ya udongo wa mchwa. Unaota juu ya visiki na mizizi inayooza. Kofia yake ina mikunjo kama sketi, kisha inageuka kijivu, na spora zake ni nyeusi.

Wa pili ni wale wa jenasi ya Marasmius, walio wengi katika misitu ya joto. Wanaota juu ya majani makavu na vijiti. Mguu wao ni mwembamba na mgumu kama uzi wa waya, na ukikauka kisha ukinyeshewa unainuka tena. Spora zao ni nyeupe.

Wa tatu ndio wa kuogopwa. Katika jenasi ya Lepiota mna spishi ndogo zenye sumu inayoharibu ini. Mara nyingi huwa na magamba madogo juu ya kofia na pete dhaifu mguuni, na spora zake ni nyeupe. Ubaya wa sumu hiyo ni kwamba haianzi mara moja. Mtu hula, hulala vizuri, na dalili zinatokea baada ya saa 6 hadi 24, wakati sumu imekwisha kuingia mwilini. Inapotokea, mgonjwa apelekwe hospitali bila kungoja, na mabaki ya uyoga yapelekwe pamoja naye.

Watu husimulia vipimo vingi vya nyumbani: kijiko cha fedha kinachogeuka rangi, kitunguu kinachogeuka cheusi, konokono aliyekula bila kufa. Hakuna hata kimoja kinachofaa. Hakuna kanuni moja inayotenganisha uyoga unaoliwa na wenye sumu. Kilichopo ni kuujua kila mmoja kwa jina lake, umbo lake na mahali pake, na kufundishwa na mtu anayeujua, uyoga wenyewe ukiwa mbele ya macho. Makala hii pia haitoshi kumruhusu mtu kwenda kuchuma.

6. Kuandika kidahizo

Sasa tunaweza kuusahihisha mstari wa daftari. Mkusanyaji anapokutana na jina la uyoga, aulize na kuandika mambo sita, kwa utaratibu huu:

a) Jina kama lilivyotamkwa, pamoja na sentensi moja nzima ya mzungumzaji, ili ngeli na upatanisho vionekane.

b) Lugha na mahali. «Kibemba cha Kipushi» ni taarifa. «Lugha ya kienyeji» si taarifa.

c) Uyoga unaota juu ya nini: udongo, kichuguu, kisiki, majani makavu, mzizi wa mti gani.

d) Unaota lini, na unakaa siku ngapi.

e) Umbo, kutoka kofia hadi chini ya mguu, pamoja na rangi ya spora.

f) Unatumiwaje na unatayarishwaje, na kama hauliwi, wenyeji wanasema sababu gani.

Tukifuata utaratibu huo, maelezo ya uyoga wetu katika kamusi ya Kiswahili yanaweza kuwa hivi: «Uyoga wa kichuguu, mdogo: uyoga unaoota mamia pamoja wakati wa mvua juu ya vipande vya sega ambavyo mchwa wamevitandaza nje ya makao yao, kofia nyeupe ya sentimita 1 hadi 2.5 yenye kichomozi cha kahawia katikati, kurasa nyeupe zinazogeuka waridi, mguu mwembamba usio na pete wala mzizi mrefu, spora za waridi, huliwa.»

Ni maneno machache, na yote yanaeleweka kwa msomaji wa kawaida. Hatukuhitaji kuazima ila neno spora. Kofia, mguu, kurasa, sega, kichomozi: yote ni maneno ya nyumbani yaliyopewa kazi mpya, na kila moja tumelieleza lilipoingia. Wale wanaosema kwamba Kiswahili hakiwezi kusema sayansi mara nyingi hawajakaa chini kuandika maelezo ya kitu kimoja mpaka mwisho.

Inafaa pia kuzingatia kiambishi cha udogo. Kiswahili sanifu kingesema kiyoga au vijiyoga, lakini ki- ya udogo mara nyingi hubeba dharau. Lubumbashi tuna ka- na tu-, kama katika katoto na tutoto, ambavyo huweza kubeba upendo. Mkusanyaji akisikia viambishi hivyo asivisahihishe. Aviandike kama alivyovisikia, kwa maana ni sehemu ya taarifa.

7. Msitu ukikatwa

Mtu anaweza kuuliza kwa nini tuharakishe kazi hii. Jibu liko kando ya barabara zote zinazoingia Lubumbashi, katika magunia ya makala: yale ya kuwashia moto, si haya ya kusoma. Miombo inakatwa ili mji upike. Athari yake kwa uyoga si moja, na hapa tena tofauti ya makao ndiyo inayoamua.

Uyoga wa jenasi ya Cantharellus, ule wa rangi ya manjano au nyekundu unaouzwa kwa wingi sokoni majira ya mvua, unaishi kwa kushikana na mizizi hai ya miti ya miombo. Mti ukikatwa, uyoga huo unapoteza mlezi wake. Uyoga mdogo wa kichuguu haukushikana na mti. Mchwa wakibaki, nao unaweza kubaki, hata katikati ya shamba. Kinachouondoa ni kichuguu kuvunjwa na mchwa wake kuuawa, kwa mfano udongo wake unapochukuliwa kufyatulia matofali. Maelezo yanayoita vyote viwili «uyoga wa msitu» hayawezi kumsaidia anayetaka kujua kipi kitatoweka na kwa sababu gani.

Na kuna upotevu mwingine unaokuja kabla ya uyoga wenyewe kutoweka. Mtoto aliyekulia mjini anaijua bowa ikiwa imekwisha kuoshwa na kuwekwa kando ya bukari. Anajua ladha na bei. Hajui ilikotoka. Kwake neno limebaki na maana ya sahani tu, na tofauti kati ya juu ya kisiki na juu ya kichuguu, ambayo bibi yake aliishika bila kufikiri, haimo tena. Siku atakapookota uyoga mwenyewe, neno alilorithi halitamlinda. Kazi ya mwanafunzi wa lugha ni kuandika neno likiwa bado na mahali pake, wakati wanaolijua hivyo wangali hai na wako tayari kutufundisha.

Mazoezi

1. Chagua uyoga mmoja unaouzwa katika soko la karibu nawe. Mwulize muuzaji majina yake katika lugha mbili, kisha andika kidahizo kwa kufuata mambo sita ya sehemu ya 6. Usiandike jina la Kilatini mpaka mtaalamu ameuona uyoga wenyewe.

2. Linganisha upatanisho wa kisarufi wa uyoga katika Kiswahili sanifu na wa bowa katika Kiswahili cha Lubumbashi. Toa sentensi tano kwa kila upande, ulizozisikia, si ulizozitunga.

3. Neno kurasa limependekezwa hapa kwa vipande vya chini ya kofia ya uyoga. Jadili faida na hasara zake ukililinganisha na matamvua. Kama lugha yako ya nyumbani ina neno lake, lilete darasani.